Warithi wa Buoso Donati

Katika mji wa Florence, mwaka 1299, tajiri mmoja jina lake Buoso Donati alikufa. Kabla maiti yake haijapoa, jamaa zake walikuwa wamekwisha kupiga magoti kando ya kitanda, wakilia kwa sauti moja. Mmoja wao akanong'ona habari za wasia, na hapo kilio kikageuka msako. Makasha yalifunguliwa, makaratasi yakatupwa huku na huku, na marehemu akasahauliwa. Hivi ndivyo inavyoanza Gianni Schicchi, opera ya kuchekesha ya Giacomo Puccini, yenye tendo moja lisilotimia saa nzima.

Nataka kudai katika insha hii kwamba kazi hiyo imetendwa na majumba ya opera vile vile kama mali ya Buoso ilivyotendwa na jamaa zake. Mwenyewe alipokufa, na hata kabla hajafa, warithi waligawana. Mmoja alichukua nyumbu, mwingine vinu, mwingine nyumba. Na kila mmoja alijiona mwenye haki kwa sababu alilipenda fungu lake. Neno hili ni kali, wala sikuliandika kwa pupa. Nitaleta ushahidi wake, kisha nitawajibu wale wasemao kwamba hapana aliyedhulumiwa.

Kwanza kisa chenyewe, kwa ajili ya msomaji asiyekijua. Wasia ulipoonekana, jamaa walisoma kwamba mali yote yenye thamani imeachiwa watawa. Kijana Rinuccio, aliyempenda Lauretta binti wa Gianni Schicchi, akashauri kwamba baba wa mchumba wake aitwe, kwa kuwa ni mtu mjuzi wa sheria na hila zake. Jamaa walikataa. Schicchi alikuwa mgeni kutoka shamba, hana ukoo, na binti yake hana mahari. Hata hivyo alikuja. Alitukanwa, akakasirika, akaapa kwamba hatawasaidia watu wa namna ile. Binti yake akamsihi kwa wimbo, na moyo wake ukalainika. Akauliza kama kifo kimejulikana nje, akaambiwa bado. Maiti ikafichwa katika chumba kingine, na Schicchi akaingia kitandani, akavaa kofia ya marehemu, akaigiza sauti yake mbele ya mwandishi wa hati. Kabla ya hapo kila jamaa alikuwa amemnong'oneza na kumwahidi hongo ili apewe nyumbu, nyumba na vinu vya Signa. Naye aliwakumbusha sheria ya mji: mwenye kughushi wasia na wenziwe wote hukatwa mkono na kufukuzwa Florence. Alipofika kwenye mali bora, aliiacha yote kwa rafiki mpenzi wa marehemu, Gianni Schicchi. Jamaa walitoa macho, lakini nani angefumbua kinywa ilhali mkono wake uko hatarini? Mwandishi wa hati alipoondoka walipora walichoweza, wakafukuzwa kwa fimbo katika nyumba ambayo sasa si yao. Wapenzi wawili wakabaki barazani wakiutazama mji wao.

Mtunzi wa maneno, Giovacchino Forzano, alikitoa kisa hiki katika beti chache za sura ya thelathini ya Jahanamu ya Dante. Huko Schicchi anapita mbio kama nguruwe aliyefunguliwa zizini, akiwauma wenziwe katika adhabu. Dante hakuwa hakimu asiye na upande. Mkewe, Gemma, alikuwa wa ukoo wa Donati, na yeye mwenyewe aliwadharau watu wapya waliotoka shamba kuja kutajirika mjini. Forzano na Puccini walilijua jambo hilo. Kwa hiyo mwishoni Schicchi anawageukia watazamaji, anaacha kuimba na kusema kwa maneno makavu: Je, mali ya Buoso ingeweza kupata matumizi mema kuliko haya? Kwa hila hii nimetiwa motoni. Lakini kwa idhini ya baba mkuu Dante, kama mmefurahi usiku huu, nipunguzieni hatia. Hivyo opera nzima ni rufaa. Mtu aliyehukumiwa na mshairi anakata rufaa mbele ya watu waliokaa vitini.

Tuangalie sasa jinsi rufaa hiyo ilivyosikilizwa. Puccini hakuitunga Gianni Schicchi isimame peke yake. Aliiweka ya mwisho katika opera tatu za tendo moja moja zilizokusudiwa kuchezwa usiku mmoja, akaziita Il trittico. Jina hilo ni la picha ya mbao tatu zilizounganishwa, kama zile zilizowekwa juu ya madhabahu katika makanisa ya Kitalia. Ubao wa kwanza ni Il tabarro, yaani Joho, kisa cha wivu na mauaji katika jahazi la mizigo lililotia nanga katika mto wa Paris. Wa pili ni Suor Angelica, kisa cha mtawa wa kike aliyeingizwa katika nyumba ya watawa kwa sababu alizaa bila ndoa. Wa tatu ndio huu wa kuchekesha. Zote tatu zilionyeshwa mara ya kwanza New York, katika Metropolitan Opera, tarehe 14 Desemba, 1918. Vita kuu ilikuwa imesimama mwezi mmoja tu uliotangulia, na mtungaji hakuweza kuvuka bahari kwenda kuziona. Giuseppe De Luca aliimba Schicchi, na Florence Easton akaimba Lauretta. Tarehe 11 Januari, 1919, zilionyeshwa Roma.

Tangu siku zile za kwanza hukumu ilikuwa moja: Schicchi ni johari, Joho lavumilika, Angelica achosha. Tarehe 18 Juni, 1920, zilifika London katika Covent Garden. Na baada ya maonyesho machache Angelica aliondolewa jukwaani. Puccini alikuwa hai bado, naye alilalamika. Malalamiko yake hayakufaa kitu. New York, mji uliozizaa, uliziona pamoja katika misimu ya kwanza tu. Kisha jumba lile halikuzirudisha zote tatu mpaka mwaka 1975. Kwa zaidi ya nusu karne Schicchi alizungushwa kama mgeni asiye na kwao, leo ameketishwa na huyu, kesho na yule. Mwaka 1949 jumba hilo hilo lilimtanguliza mbele ya Salome ya Richard Strauss. Watazamaji walicheka kwa saa moja, kisha wakaletewa kichwa cha mtu juu ya sinia. Puccini aliweka kicheko baada ya msiba ili kiwe faraja. Wao walikiweka kabla ya msiba kiwe kitafunio.

Watetezi wa desturi hii husema: opera hizi tatu hazina uhusiano. Moja ni ya Paris, ya pili ni ya nyumba ya watawa katika karne ya kumi na saba, na ya tatu ni ya Florence ya zamani; wahusika ni mbalimbali na nyakati ni mbalimbali. Ni kosa gani kuachanisha vitu ambavyo havikuungana? Hoja hii husemwa mara nyingi hata imekuwa kama kweli. Nawaomba wenye hoja hiyo wazisome opera tatu kwa mfululizo, wasitazame mavazi bali watazame mambo yanayotendeka.

Katika Joho, maiti inafichwa. Michele amemnyonga mpenzi wa mkewe na kumfunika kwa joho, hata mke anapokuja karibu, joho linafunguliwa na maiti inaanguka mbele yake. Katika Schicchi, maiti inafichwa tena: Buoso anahamishwa, na mtu mzima mwenye afya anaingia mahali pake. Tendo ni lile lile. Mara ya kwanza linatutisha, mara ya pili linatuchekesha; na asiyetishwa kwanza hajui kwa nini anacheka sana.

Katika Suor Angelica, khalati yake, dada wa mama yake, bibi wa ukoo wa kifalme, anakuja katika nyumba ya watawa baada ya miaka saba. Hakuja kwa huruma. Amebeba hati ya mgawanyo wa urithi, anataka Angelica aitie sahihi ili mdogo wake apate kuolewa. Katika Schicchi pia iko hati ya urithi, nayo pia inaandikwa ili msichana apate kuolewa. Katika kisa cha kwanza sheria inafuatwa sawasawa, na matokeo yake ni kifo. Katika kisa cha pili sheria inavunjwa vibaya, na matokeo yake ni harusi. Je, mtu mwenye akili anaweza kusema kwamba jambo hili limetokea kwa bahati? Na watawa ambao wanarithi mali ya Buoso, na ambao jamaa zake wanawalaani kwa uchungu, wanatajwa mara tu baada ya sisi wenyewe kutoka katika nyumba ya watawa tulikomwona mwanamke akinywa sumu. Kicheko chetu kina chumvi ya machozi.

Sasa nafika kwenye fungu linalogombewa kuliko yote: wimbo wa Lauretta, ule wa kumwita baba yake mpenzi. Hauzidi sana dakika mbili. Wengi wasiojua jina la Schicchi wanaujua wimbo huu. Huimbwa katika tamasha na mwimbaji aliyevaa hariri, amefumba macho, mikono kifuani, kana kwamba anasali. Mwaka 1985 filamu ya James Ivory iitwayo A Room with a View iliutia katika masikio ya walimwengu kwa sauti ya Kiri Te Kanawa, na tangu hapo umekuwa kama wimbo wa huzuni tukufu ya mapenzi. Lakini maneno yake yanasema nini? Msichana anamwambia baba yake kwamba anataka kwenda mtaa wa Porta Rossa kununua pete. Na asipopewa ruhusa ya kumpenda kijana wake, atakwenda kwenye Daraja la Kale ajitupe katika mto Arno. Anamtisha baba yake kwa kifo chake mwenyewe, kwa sauti tamu kama asali, wakati jamaa zote wenye tamaa wamesimama chumbani na maiti imelala kitandani. Baba ni mlaghai hodari kuliko wote mjini, na katika dakika mbili amezidiwa hila na binti yake. Utamu wa sauti ndio chombo cha hila hiyo. Anayeutoa utamu na kuiacha hila ameondoka na mpini, jembe limebaki shambani.

Sisemi kwamba Lauretta haupendi moyo wa Rinuccio. Anaupenda kweli, na ndiyo maana wimbo unapendeza. Uzuri wake ni kwamba ni wa kweli na ni wa hila kwa pamoja, na mtazamaji anapaswa kutabasamu na koo lake likimkaba. Tena sauti ya wimbo huo haikuanguka kutoka mbinguni. Inasikika kwanza katika wimbo wa Rinuccio wa kuusifu mji, pale anapoutaja mto Arno, akiwatetea watu wapya waliotoka shamba wakaipamba Florence, kama Giotto mchoraji na Arnolfo mjenzi. Kwa hiyo Lauretta anapoitamka, ni mji mzima unaomwombea mgeni apokewe. Haya yote mwimbaji wa tamasha hawezi kutupa, hata awe na koo la ndege.

Na liko jambo kubwa kuliko hilo. Muda mfupi kabla yake, katika ubao wa pili wa picha, tulimsikia Angelica akimsihi khalati yake habari za mtoto wake. Aliomba, akalia, akajibiwa kwa kimya. Kisha akaambiwa kwamba mtoto alikufa miaka miwili iliyopita. Hakutishia kufa, alikufa. Ndipo linapokuja pazia la mwisho, na msichana mwingine anapiga magoti mbele ya mzazi, naye pia anataja kifo. Na safari hii mzazi anasikia. Schicchi anasema neno moja la kukubali, na dunia inageuka. Hiyo ndiyo maana ya wimbo ule mahali pake: ombi lililokataliwa mara ya kwanza limekubaliwa mara ya pili. Atakayeusikia peke yake katika tamasha atasikia sauti nzuri. Atakayeusikia baada ya Angelica atasikia rehema.

Najua nitakayojibiwa. Wataniambia kwanza habari za gharama. Opera tatu zataka mapambo matatu na waimbaji makundi matatu, na usiku unakuwa mrefu. Hili ni kweli, wala sitalicheka. Chuo chenye ukumbi mdogo na wanafunzi ishirini kitafanya vema kucheza Schicchi peke yake kuliko kutocheza chochote. Hoja yangu haiwahusu maskini. Inawahusu matajiri wenye majukwaa makubwa na hazina nono, ambao hawakosi fedha za kumweka Schicchi karibu na kazi ya mtu mwingine, ila hukosa fedha anapotajwa Angelica ndugu yake.

Watanijibu pili kwamba Puccini mwenyewe alikubali zitenganishwe. Naam, alikubali, baada ya kuona kwamba akikataa hazitachezwa. Mtu aliyeshikwa koo akisema ndiyo, hatusemi ametoa hiba. Alifariki Brussels tarehe 29 Novemba, 1924, na idhini yake ile ya shingo upande imesomwa tangu hapo kama wasia. Msomaji atakumbuka kwamba katika kisa chetu pia uko wasia ulioandikwa na mtu asiye mwenyewe.

Watanijibu tatu kwamba ndoa nyingine za Schicchi zimefaa. Hili pia nakiri kwa sehemu. Glyndebourne, mwaka 2004, walimweka pamoja na opera ya Rachmaninoff ya yule shujaa bahili, wakafanya usiku mzima wa tamaa ya mali. Lilikuwa wazo la watu waliofikiri. Covent Garden walimwonyesha mwaka 2007 pamoja na opera fupi ya Ravel. Lakini mwaka 2011 mwongozaji yule yule, Richard Jones, alimrudisha kati ya ndugu zake na opera zote tatu zikaonekana. Hilo linathibitisha kwamba penye nia njia hupatikana. Lakini kuziweka pamoja hakutoshi ikiwa mpangilio umeharibiwa. Salzburg, mwaka 2022, walizicheza zote tatu, na mwimbaji mmoja, Asmik Grigorian, akaimba katika zote. Kazi ya kusifiwa sana. Hata hivyo walimtanguliza Schicchi, kisha Joho, wakamaliza kwa Angelica. Hivyo rufaa ilisikilizwa kabla ya mashtaka, na msamaha ukaombwa kabla ya kosa. Watazamaji walikwenda nyumbani na sumu ya Angelica kinywani. Labda ndivyo zama zetu zipendavyo, kuona kwamba huzuni ni neno la mwisho na kicheko ni utoto. Puccini, aliyekuwa ameandika huzuni maisha yake yote, aliamua kinyume. Alipokuwa na nafasi ya kusema neno la mwisho katika usiku ule, alichagua kuchekesha. Uamuzi huo wa mtu mzima wa miaka karibu sitini, uliokamilika katika mwaka wa mwisho wa vita, ulistahili heshima kuliko huo uliopewa.

Kwa nini jambo hili litushughulishe sisi tulio wanafunzi wa fasihi, na wengi wetu hatutaingia Metropolitan wala Salzburg? Kwa sababu kosa hili si la waimbaji peke yao. Sisi pia tu warithi. Tunapewa beti tatu za utenzi wa beti mia tano, tunaandika mtihani, na tunaondoka tukidhani tumeujua utenzi. Tunanukuu sentensi ya mwandishi iliyosemwa na mhusika mjinga, tunaifanya kuwa hekima ya mwandishi. Tunaupenda wimbo na kuuacha mchezo. Kila anayefanya hivyo hujitetea kwa neno moja: nimechukua kilicho kizuri. Jamaa za Buoso nao walisema hivyo. Hapana aliyegombea viatu vya marehemu, wote waligombea nyumbu, nyumba na vinu.

Mwishoni mwa usiku Schicchi anasimama mbele yetu na kuomba kupunguziwa hatia. Anaweza kupewa? Anaweza, lakini ni nani mwenye haki ya kumpa? Hakimu aliyeingia barazani kesi ikiwa karibu kwisha, akasikia ombi la mwisho na kupiga makofi, hakusamehe, alipendezwa tu. Mwenye haki ya kusamehe ni yule aliyeketi tangu jahazi la Paris, akaona joho likifunguliwa, akamwona mama akifa kwa sababu ya sahihi juu ya hati, kisha akaona hati nyingine ikiwapa vijana wawili maisha. Huyo amesikia mashahidi wote. Akisema huyu apunguziwe, Dante mwenyewe hana budi kutafakari. Na sisi wengine tuliokwisha kuchukua mafungu yetu, tuyarudishe sandukuni, tuketi, tusikilize kesi tangu mwanzo.